Pale Chumvi Ilipoingia

Katika nyumba ile ya Ganshoren, huku Ulaya, sikuweza kuimba nikiosha vyombo. Nikiimba, mzee aliyekaa sebuleni alipata ladha ya sukari iliyoungua mdomoni. Nikicheka kwenye simu, alipata siki. Nikimsengenya mtu kwa Kiswahili, nikidhani niko salama kwa sababu hakuna anayenielewa, alikunja uso na kuuliza kwa Kifaransa kama nimemwaga kitu kichungu jikoni. Basi nikajizoeza kunong'ona, mimi ambaye kwetu Bukavu jirani wa nyumba ya tatu alijua tumepika nini kwa kunisikia tu nikiita watu mezani.

Mzee huyo alikuwa mwoka mikate maisha yake yote. Duka lake lilikuwa chini ya nyumba hiyohiyo, limefungwa, na maandishi kwenye kioo yalishaanza kubanduka. Ugonjwa wa kichwa ulimwondolea kunusa na kuonja, akabaki na meno yake na tumbo lake lakini bila hamu. Supu na maji ya moto kwake vilikuwa kitu kimoja. Akaanza kukataa chakula, akakonda hadi binti yake wa pekee, mwalimu aliyeishi upande mwingine wa mji, akaogopa. Mimi nilimwita huyo binti madame. Yeye ndiye aliyeniajiri nimpikie baba yake, nimfulie, nilale kwenye chumba cha juu kabisa ambacho dirisha lake lilitazama basilika na mvua.

Sijui madame alisikia wapi habari za ile mashine. Ninachojua ni kwamba asubuhi moja alikuja fundi mmoja kijana aliyekuwa na karakana yake upande wa Woluwe-Saint-Lambert, amebeba kofia ya mpira mweusi yenye nyaya na kisanduku chenye ukubwa wa redio. Waliiita casque, nami nikaiita kaske, na mpaka leo sijui jina lake halisi. Ilikuwa ni miaka ya tisini, sisi wengine bado tunapanga foleni kupiga simu nyumbani, na huku kuna mtu ametengeneza kitu kinachochanganya milango yote mitano ya fahamu ikawa chumba kimoja. Fundi alinieleza kwa mikono. Mlango wa kuonja umefungwa kwa mzee, alisema, kwa hiyo tutaingiza ladha kwa kupitia masikio. Atakachosikia, atakionja. Na kidogo atakiona, na kidogo atakigusa, kwa sababu humo ndani hakuna kuta tena.

Ilitakiwa sauti moja ya kuanzia. Madame alipaswa kumsomea baba yake gazeti huku anapewa kijiko cha kwanza, na mashine ingeifunga sauti ile pamoja na chakula kile, mara moja tu, kama mtu anayefunga fundo. Fundi akawasha. Madame akakumbuka kwamba miwani yake iko ndani ya mkoba kwenye ukumbi, akaenda kuifuata. Ndipo mimi nikaingia na sahani.

Sasa, mimi sijawahi kumwekea mtu sahani bila kushukuru. Kwetu mkono ulioenda kwenye chakula kabla ya sala ulipigwa kofi, na mama yangu alikuwa na kofi linalosikika. Mzee alikuwa mgonjwa, hakusali, basi tangu siku ya kwanza nilimsalia mimi, naye alivumilia tu. Siku hiyo pia nikaweka viazi na paja la kuku, nikafumba macho, nikasema kama nilivyosema kila siku:

"Baba Mungu, tunakushukuru kwa hii chakula. Bariki mikono yenye ilipika na yenye ilitafuta. Na umukumbuke mama yangu kule Bukavu, umupe na yeye chakula ya leo. Amina."

Kwa kawaida yetu, mtu akisali hakatizwi, hata nyumba ikiungua. Yule fundi maskini naye akaniheshimu, akasimama mikono nyuma. Mzee ndiye hakungoja. Nilipofumbua macho alikuwa anatafuna na machozi yanamtoka.

Furaha ya nyumba ile siku hiyo siwezi kuisimulia. Madame alinikumbatia nikiwa bado nimeshika kitambaa cha meza. Mzee alitaka kijiko cha pili, nikasali tena, akala. Cha tatu, vivyo hivyo. Madame akavaa miwani, akamsomea gazeti kwa sauti nzuri ya kishule, mzee akatafuna, akatikisa kichwa. Hakuna kitu. Akanielekezea kidole mimi.

"Lazima aseme yeye," alisema. "Mwanzoni inakuja siagi. Katikati inakuja uchachu mdogo, kama unga uliolala. Halafu mwishoni pale, kabla hajamaliza, inaingia chumvi. Bila pale, hakuna kitu kinachoamka."

Nilimwuliza fundi kama anaweza kufungua lile fundo afunge lingine. Akanijibu kwamba ukishakoroga sukari kwenye chai, huitoi tena. Alisema kwa upole. Nikatabasamu, kwa sababu bado sikujua kwamba ni mimi niliyekorogwa.

Nilijua Jumapili ya kwanza. Kanisa letu lilikodi ukumbi karibu na Chaussée de Wavre, watu wa Kivu kwa wingi na wa Katanga wachache, na ibada yetu haijui saa. Zamani nilikuwa natoka Ganshoren asubuhi, narudi jioni nimejaa nyimbo na nimeshaongea kwa sauti yangu yote. Sasa ilinibidi kuondoka mahubiri yakiwa katikati, kukimbilia metro pale Porte de Namur, kushuka, kukimbilia basi, ili saa sita niwe mezani. Tulijaribu kaseti. Madame alileta kinasa sauti kizuri, nikasali ndani yake. Mzee alisema ni kama kulamba picha ya sahani. Mashine ilitaka koo lenye pumzi, pale pale, mbele ya chakula.

Dada yangu, mtoto wa mama mkubwa, ninayemwita yaya, yaani dada mkubwa, alikaa ghorofani juu ya duka la vitenge kwenye mtaa huohuo wa kanisa. Alinicheka hadi akashika mbavu.

"Donc wewe sasa uko chumvi ya muzungu," aliniambia. "Alors, mwenye anasikia ile maombi ni Mungu ama ni muzee?"

Nilicheka naye. Lakini swali lilinifuata kwenye basi. Asubuhi, mchana, jioni, nilisema maneno yaleyale huku nawaza nguo nilizoziacha kwenye mashine. Nilikuwa nimepanga kujifunza kazi ya kuhudumia wagonjwa na kuhamia kwa yaya. Mpango huo ulibaki palepale, kwa kuwa hakuna shule inayokuachia uende kumsalia mtu chakula cha mchana. Madame aliniletea koti la baridi na kuniita malaika wao. Malaika nadhani huwa wanaruhusiwa kutoka.

Halafu vita vikaingia Bukavu. Tuliona kwenye televisheni, mzee na mimi, barabara tunazozijua sisi wa kule zimejaa watu wenye magodoro kichwani, na mwandishi anatamka vibaya majina ya vilima. Kwa majuma sikupata habari ya mtu yeyote wa kwetu. Katika majuma hayo, na hili nataka lijulikane, sikuwa nawaza nguo. Nilipofika kwenye mama yangu nilisali kwelikweli, na mzee aliniambia hajawahi kula vizuri hivyo tangu alipokuwa kijana.

Mdogo wangu wa kiume alifika kwenye misheni moja iliyokuwa na simu, akapiga kwa yaya. Yaya akamwambia apige tena asubuhi ya pili, nikaenda baada ya kumlisha mzee. Laini ilikuwa na upepo mwingi.

"Dada, maman alituacha," alisema.

"Wapi?"

"Ku njia ya Walungu. Tulimuzika pembeni ya barabara. Mahali penyewe, sijui kama naweza kupatambua tena."

Sijui kwa nini niliuliza nilichouliza. Nilisema, "Alikuwa amekula?"

Nikasikia watu wengine nyuma yake wakigombania zamu ya simu.

"Dada," akasema, "bon, tulikuwa tunakimbia."

Kilio kilifanyika kwa yaya. Wakatoa viti, wakatandika magodoro chini, wakaweka picha ya mama juu ya kabati na kitambaa cheupe. Akina mama wa kanisa walikuja na sufuria zao, wakaketi, wakalia nami kama inavyotakiwa. Mtoto wa marehemu anakaa kwenye godoro hadi matanga yaondolewe, hapiki, haendi popote. Mimi saa tano nilisimama, nikatafuta viatu vyangu mlangoni katikati ya viatu vya watu wote.

"Unaenda wapi?" mama mmoja akaniuliza. "Mutoto wa marehemu haondokaka kwa godoro."

"Naenda kulisha muzee."

Walinitazama wote mpaka nikapata kiatu cha pili.

Madame angeweza kumpikia siku hizo, na alitaka. Alikuja mwenyewe na maua, akaniambia nibaki kwetu. Lakini kupika si kuonja, na mzee alikuwa ameshakataa chakula cha jana yake usiku. Basi nilisimama mbele ya sahani na kitambaa changu cha msiba kichwani. Nikasema Baba Mungu. Nikasema mikono. Nikafika pale, na mdomo ukajifunga.

Nitaeleza, kwa sababu watu wengine huona ni jambo dogo. Kanisa letu haliombei wafu. Aliyekufa yuko mikononi mwa Mungu, umekwisha kumwombea, unachobaki nacho ni kushukuru na kungoja. Nimelelewa hivyo, na mama yangu ndiye aliyenilea hivyo. Na hata tuseme ningeruhusiwa kumwombea, ningemwombea pumziko. Nisingemwombea chakula cha leo, yeye, tena kule Bukavu, kama vile ameketi kwenye mlango wa jiko letu anachambua maharage. Nikaruka hadi amina.

Mzee alitafuna kidogo, akatoa kijiko mdomoni, akasema hakuna chumvi.

Jioni, vilevile. Kesho yake, vilevile. Alidhani mashine imeharibika. Fundi akaja, akafungua kisanduku, akafunga, akasema mashine haina tatizo, kuna kitu kimepungua kwenye sauti. Madame akanivuta jikoni akaniuliza nimepunguza nini. Nikamwambia. Alilia, na sikuona uongo katika machozi yake. Kisha akapangusa miwani, akasema taratibu, "Lakini huwezi kuyasema tu? Kwa baba ni sauti tupu. Haelewi."

"Ni kweli, yeye haelewi," nikamwambia. "Ninayemwambia anaelewa."

Yaya aliliona jambo hili rahisi. "Ukisema vile, unamudanganya Mungu kila siku ku meza," alisema. "Acha ile kazi. Muzee iko na mutoto wake."

"Mutoto wake hana sauti yenye inaleta chumvi, yaya."

"Basi akule bila chumvi. Maman alikula nini?"

Hilo lilikuwa kofi, naye alijua, akanishika mkono papo hapo. Lakini lilishatua.

Mzee hakunigombeza. Ingekuwa heri angenigombeza. Alinyanyua kijiko, akakishusha. Suruali yake ikaanza kushikiliwa na kamba. Nami nilikuwa na hasira, sina neno jingine. Nilimkasirikia yeye kwa kukonda mbele yangu. Nilikikasirikia kile kisanduku na miwani ya madame iliyosahauliwa kwenye mkoba. Nilimkasirikia mama kwa kufia njiani ambako hata kaburi lake halina mti wa kulionyesha. Chumbani kwangu nilitembea kutoka kitanda hadi dirisha, na hata hapo nilinong'ona.

Mwishowe nikasema. Ilikuwa mchana, kulikuwa na supu ya vitunguu, na kijiko chake kilirudi kwenye sahani kikiwa bado kimejaa. Nikafumba macho kwa nguvu, nikamwambia Mungu amkumbuke mama yangu kule Bukavu na ampe na yeye chakula cha leo. Mzee akala, akafuta sahani kwa mkate. Mimi nikapanda ngazi, nikaweka mto mdomoni, nikapiga kelele ndani yake.

Hivyo ndivyo tulivyoumaliza msimu ule wa baridi. Asubuhi nilimwombea maiti kifungua kinywa. Mchana nilimwombea tena, na jioni tena. Kanisani sikupokea meza ya Bwana, nikisingizia basi.

Siku moja mzee aliweka kijiko chini katikati ya mlo.

"Imebadilika," alisema. "Kwa muda mrefu sasa. Chumvi bado iko, lakini chini yake kuna kitu kingine, kama mkate uliokatwa kwa kisu kilichokata kitunguu. Pale mwisho huwa unasema nini?"

Tangu mwanzo hakuwahi kuniuliza. Nadhani hata madame hakuwahi kumwambia. Nikamfasiria kwa Kifaransa, sentensi moja baada ya nyingine, na nilipomaliza maneno ya sala nikashindwa kunyamaza, nikamweleza pia njia ya Walungu, na nilichomwuliza mdogo wangu, na alichonijibu. Alikuwa bado amevaa kaske. Nilikuwa nimesahau kwamba kila nilichosema kilimwingia mdomoni, hadi nilipoona anameza na mdomo hauna kitu.

Akapeleka mkono chini ya kidevu, akafungua mkanda. Akaivua ile kofia, akaiweka karibu na mkate. Nywele zake nyeupe zilikuwa zimelala upande mmoja.

"Kumbe nilikuwa nakula chakula chake," alisema.

Kisha akavuta sahani na kula kilichobaki, kimeshapoa, hakina ladha yoyote kwake, kijiko kwa kijiko mpaka mwisho.

Hakuivaa tena. Madame alipokuja alimkuta anakula kama mtu anayepakia mifuko ya unga kwenye gari, bila raha wala malalamiko, na mzee akaacha kukonda. Alimbusu baba yake, akanibusu na mimi, akasema sasa naweza kupanga mambo yangu. Kaske ikaingia kabatini, chini ya vitambaa vya meza.

Nikaimba nikiosha vyombo. Nilimpigia simu yaya nikacheka hadi mwisho wa kicheko. Jumapili nilikaa kanisani mpaka matangazo, hata yale matangazo ya mtu aliyesahau mwavuli, nikala wali na sombe, kisamvu cha kwetu, kwa yaya bila kutazama saa. Alinipigia hesabu ya shule, mwezi wa kuanza, kitanda nitakacholalia.

"Sasa uko huru," alisema, akaniongezea sombe.

Chumba kile ndicho tulichokalia kilio. Viti vilikuwa vimerudi, picha ya mama imepelekwa chumbani. Watu walikula, walisimulia habari za mji, za nani kapata karatasi za ukaazi na nani kazaa. Sala ya chakula ilisomwa na mume wa yaya, sala nzuri, ikawataja wagonjwa, wakimbizi, watoto wote walio kule. Haikumtaja mama, na haikupaswa kumtaja. Nilitafuna nikatafuta chumvi nisiipate, na sombe la yaya, nani asiyejua, lina chumvi ya kutosha.

Jumatatu mchana nikamwekea mzee sahani. Sala ilikuwa imefupika siku hizo. Nikashukuru kwa chakula, nikabariki mikono, na ile sentensi ikapanda kooni kama ilivyozoea, ikakuta hakuna pa kwenda. Nikakaa nayo mdomoni. Mzee alikuwa ameshashika kijiko, uso wake wa kazi tayari.

Nikaenda kabatini. Nikaitoa kaske chini ya vitambaa, nikaipangusa vumbi kwa aproni, nikarudi nayo mezani. Mzee aliiona akainua mkono.

"Hapana, binti," alisema. "Siwezi kula cha mama yako."

"Vaa, papa."

"Ulisema ni uongo mbele ya Mungu wako."

"Vaa," nikamwambia. "Usipokula wewe, mama naye hali."

Akaweka kijiko chini. Halafu akainamisha kichwa, nami nikamvika, nikamfunga mkanda chini ya kidevu kwa mikono yangu mwenyewe. Nikafumba macho, nikaanza tangu mwanzo.

Jumapili iliyofuata nilitoka kanisani mahubiri yakiwa katikati, nikakimbilia metro.